Chema chajiuza: Kabla hujanunua gari la kifahari lililotumika

BARABARA yetu ya RN3, inayotoka Bujumbura na kufuata ufuko wa Ziwa Tanganyika kupitia Rumonge na Nyanza-Lac hadi mpaka wa Mugina, imebadilika sura. Zamani ilikuwa ya malori ya mawese, Probox zilizojaa abiria hadi kwenye buti na baiskeli zenye vikapu vya ndagala. Hayo yote bado yapo. Lakini katikati yake siku hizi utaona Harrier nyeusi inayong'aa, Prado TX yenye tairi pana, Benz ya fedha, na mara mojamoja BMW X5 inayopita vioo vikiwa vimefungwa.

Ukifika kwenye gereji za Rumonge, au ukipanda hadi Buyenzi kule Bujumbura ambako ndiko makao makuu ya mafundi wa nchi hii, utayaona magari hayo hayo mara ya pili. Safari hii yamewekwa juu ya matofali, boneti ziko wazi, na mwenyewe amekaa kwenye dumu akisubiri spea kutoka Dar es Salaam au Dubai.

Leo nataka kuzungumzia umbali uliopo kati ya picha hizo mbili.

Nianze kwa kuweka jambo moja sawa. Sina ugomvi na mtu anayetaka gari zuri. Wapo waandishi wanaopenda kuwahubiria watu waishi kwa kujibana, mimi simo. Watu wa ufuko huu wamepitia mengi. Wapo waliokimbia mwaka 1972 wakiwa watoto mgongoni, wakakulia Ulyankulu, Katumba na Mishamo, wakarudi na wajukuu mwaka 2008 na miaka iliyofuata. Kati ya 2002 na 2009 karibu nusu milioni ya Warundi walirejea kutoka Tanzania. Baada ya machafuko ya 2015 wengine walikwenda Nyarugusu, Nduta na Mtendeli, na tangu Septemba 2017 wengi wao wamekuwa wakirudi. Wapo pia waliotoka Ubelgiji, Kanada na Marekani, wenye akiba ya miaka kumi au ishirini ya kazi ya zamu ya usiku.

Mtu wa namna hiyo akinunua gari la heshima, anawaambia jirani zake kwamba hakupotea. Namwelewa. Mfanyabiashara wa mpakani naye ana sababu zake: mteja wa Kigoma na mwenye duka wa Bujumbura humkopesha mtu anayeshuka kwenye gari, si anayeshuka kwenye karandinga.

Hoja yangu ni kwamba heshima hiyo isimgharimu mtu shamba la michikichi. Maana ndivyo inavyotokea. Fedha ya gari kwetu haitoki benki. Ni kiwanja kilichouzwa, mtaji wa mawese, au mchango wa ndugu watatu walioko ughaibuni. Gari likifa baada ya miezi minne, hakuna bima itakayorudisha kitu. Familia nzima inakuwa imerudi nyuma miaka mitano.

Kwa nini basi magari haya yanapatikana kwa bei inayovutia? Jibu si la ajabu. Kule Japani gari jipya hukaguliwa na serikali baada ya miaka mitatu, kisha kila baada ya miaka miwili, na ukaguzi huo pamoja na kodi zake ni ghali. Wajapani wengi huona afadhali kuuza na kununua jingine. Ulaya nako gari la dizeli lenye umri mkubwa linazuiwa kuingia katikati ya baadhi ya miji. Kwa hiyo Benz au Lexus ya miaka kumi na mitano inashuka bei hadi kufikia bei ya Corolla.

Hapo ndipo mtego ulipo. Gari limeshuka bei, lakini spea zake hazijui kwamba gari limeshuka bei. Shokapu ya hewa, pampu ya injekta au kompyuta ya giaboksi ya gari la kifahari inauzwa kwa bei ile ile ya gari lililokuwa la tajiri. Na sisi tunainunua kwa dola. Benki ya Taifa ilipopunguza thamani ya faranga kwa kiasi kikubwa mwezi Mei 2023, kila mwenye gari linalotegemea spea za nje alilisikia pigo hilo mfukoni.

Kwa mantiki hiyo, swali la kwanza kabla ya kutazama rangi wala viti vya ngozi ni hili: gari hili likiharibika Rumonge siku ya Jumamosi, nani atalitengeneza na spea itatoka wapi? Kama jibu ni kwamba spea inaagizwa Ulaya na fundi yuko Nairobi, basi hilo si gari lako, hata kama wanaliuza nusu bei.

Swali la pili ni mafuta. Kati ya 2021 na 2025 tumeshuhudia foleni za petroli na dizeli ambazo sihitaji kumsimulia mtu wa nchi hii. Wengi walinunua mafuta ya madumu yaliyovuka mpaka au ziwa. Mafuta ya dumu mara nyingi yana maji, mchanga, au yamechanganywa. Injini ya zamani ya Land Cruiser, ile 1HZ ya lita 4.2 isiyo na turbo, huvumilia mengi. Lakini injini ya kisasa ya dizeli, yenye injekta za shinikizo kubwa na chujio la masizi kwenye ekzosi, haivumilii. Maji kidogo tu yanaua injekta zote, na chujio hilo huziba kwa safari fupi fupi za sokoni na bandarini.

Swali la tatu ni barabara yenyewe. Upande wa ziwa kuna joto na unyevu. Upande wa pili kuna milima inayoanza papo hapo. Mvua ikizidi, udongo unashuka, kama ulivyoshuka Gitaza mwaka 2015 ukaifunga RN3. Kazi ya kuijenga upya sehemu ya Gitaza hadi Rumonge, kilomita 45, iliingia katika mpango wa Benki ya Maendeleo ya Afrika mwaka 2018, pamoja na barabara ya upande wa pili kutoka Kabingo hadi Kasulu na Manyovu. Hata hivyo, lami nzuri haifuti njia ya kwenda shambani. Gari la chini sana lenye rimu kubwa na tairi nyembamba litakuaibisha njiani.

Sasa tuje kwenye majina, maana najua msomaji anasubiri hapo.

Kwa anayetaka heshima na usalama wa mfuko wake, mimi naweka mbele Prado ya petroli ya lita 2.7, yenye injini ya 2TR. Haina mbio na inakunywa, lakini ni injini rahisi, mafundi wanaijua na spea zake zimejaa. Prado ya dizeli ya lita 3.0, yenye injini ya 1KD, ina nguvu nzuri zaidi mlimani, ila injekta zake zina historia ya matatizo, na zikiachwa zinavuja zinaweza kutoboa pistoni. Ukiipenda hiyo, bei ya injekta nne iweke kwenye hesabu tangu mwanzo.

Harrier ndiyo kipenzi cha vijana wetu, na si bure. Ni ndugu ya Lexus RX, imetengenezwa vizuri na inatulia barabarani. Lakini Harrier si moja. Ile ya kwanza, ya 1997 hadi 2003, yenye V6 ya lita 3.0, inajulikana kwa oili kuganda kama lami ndani ya injini pale mwenye gari anapochelewesha sevisi. Ile ya lita 2.4, injini ya 2AZ, baadhi yake hula oili, na baadhi nati za silinda hedi hulegea kwa sababu nyuzi zake kwenye bloku ya alumini zimeliwa. Hiyo ndiyo Harrier inayochemsha kila baada ya wiki mbili huku fundi akibadilisha rejeta bila mafanikio. Nasema hivi si kukukataza. Nasema ili ujue pa kuangalia.

Mark X nayo imeingia. Ni gari tamu, lakini injini yake ya lita 2.5 hupuliza petroli moja kwa moja ndani ya silinda, inataka petroli nzuri, na hujenga kaboni. Kwa petroli ya dumu sikushauri.

Benz? Zile za zamani, W124 na W202, bado zinatembea Afrika nzima kwa sababu fundi wa kawaida anazielewa. Tatizo linaanza na zile za miaka ya 2000. Injini za V6 na V8 zilizotengenezwa kabla ya 2008 hivi, baadhi zina gia ndogo ndani inayoliwa mapema, na kuibadilisha ni kuishusha injini yote. E-Class ya kwanza ya W211, ya 2002 hadi 2006, ilikuja na breki za umeme ambazo pampu yake ina ukomo wa matumizi, ukifika inakuamuru uibadilishe. Muulize muuzaji swali hilo na utazame uso wake.

Ndugu zetu wanaorudi kutoka Ubelgiji hupenda kuja na BMW ya dizeli, mathalani 320d. Ile injini ya lita 2.0 iliyotoka 2007 hadi 2011 ina taimingi cheni iliyowekwa nyuma ya injini. Ikianza kulia, na nyingi zimelia, injini lazima itoke. X5 ya kwanza, ya 1999 hadi 2006, mabomba na tenki la maji vyake ni vya plastiki inayopasuka kwa umri. Kwa joto la Rumonge, plastiki ya miaka ishirini ni yai.

Ukishachagua aina ya gari, bado hujachagua gari. Prado mbili zilizotoka kiwandani siku moja, moja inaweza kuwa mali na nyingine mkweche. Kinachotofautisha ni maisha yaliyopita. Hapa ndipo ukaguzi unapoingia, na hapa ndipo watu wetu wanaona haya. Wanaona kumwambia muuzaji "fungua boneti" ni kumvunjia heshima, hasa kama ni mtu wa dini moja au aliyekuwa naye kambini. Ndugu msomaji, muuzaji mwaminifu hufurahi ukikagua. Anayekasirika ana sababu ya kukasirika.

Anza na karatasi. Namba ya chesisi iliyogongwa kwenye bodi ilingane na ile ya kwenye kibati na ile ya kwenye hati ya umiliki, herufi kwa herufi. Tazama kama pale palipogongwa pamekwanguliwa au kupakwa rangi upya. Jina kwenye hati liwe la huyo anayekuuzia, na kama si lake, aje na mwenye jina. Gari likitoka Japani kwa mnada, lilikuwa na karatasi ya mnada yenye alama: 4 na zaidi ni zuri, 3 na nusu ni la kawaida, herufi R au RA maana yake lilipata ajali likatengenezwa. Karatasi hiyo pia ina kilomita za siku ya mnada. Kama karatasi inasema 168,000 na deshibodi inasema 74,000, hapo hakuna mjadala. Mita imerudishwa.

Hata bila karatasi, gari husema umri wake. Pedali ya breki iliyolika hadi chuma, usukani uliong'aa kwa mikono na kiti cha dereva kilicholala upande mmoja, haviendani na kilomita 70,000. Tairi nazo zina tarehe: namba nne ubavuni, mbili za kwanza wiki, mbili za mwisho mwaka. Ikiandikwa 2314, tairi hiyo ilitengenezwa wiki ya 23 ya mwaka 2014, hata kama kashata zake bado ni nene. Vioo pia vina alama za kiwanda. Kimoja kikiwa tofauti na vingine, uliza kilivunjwa na nini.

Pili, maji. Hili nalitilia mkazo kwa sababu linatugusa pande mbili. Aprili 16, 2024 mvua kubwa kuliko zote zilizorekodiwa kwa miaka 75 ilipiga Falme za Kiarabu, na Dubai ikajaa magari yaliyozama. Magari ya Dubai ndiyo mengi yanayokuja kwetu. Hapa nyumbani, mwaka 2021 na tena 2024, ziwa letu lilipanda likaingia Gatumba, mitaa ya Bujumbura na nyumba za kando ya maji hapa Rumonge. Gari lililozama linaweza kuoshwa, kupulizwa manukato na kuuzwa. Litakwenda vizuri wiki sita, kisha nyaya zinaanza kuoza ndani na taa zinawaka zenyewe.

Namna ya kulijua ni rahisi. Vuta mkanda wa kiti mpaka mwisho, maana hakuna anayekumbuka kuuosha. Ukiona mstari wa tope au ukungu, achana nalo. Inua zulia chini ya miguu na ndani ya buti palipokaa tairi ya akiba. Tazama nati za chini ya viti kama zina kutu. Nusa gari likiwa limefungwa vioo juani kwa nusu saa. Manukato makali ni ushahidi tosha.

Tatu, injini, na iwe baridi. Nilipata kwenda na jamaa yangu kutazama Harrier, tukakuta muuzaji ameshaiwasha "ili isiwasumbue". Nikaweka mkono juu ya boneti, ilikuwa ya moto. Nikamwambia jamaa yangu, "Kaka, tukanywe chai, turudi kesho alfajiri bila kupiga simu." Kesho yake injini ilipowashwa ikiwa baridi, ilitoa moshi wa bluu uliofunika ua mzima. Moshi wa bluu ni oili inayoungua. Moshi mweupe mzito usiokata, wenye harufu tamu, ni maji ya rejeta yanayoingia kwenye silinda. Mweusi ni mafuta yasiyoungua vizuri, na kwenye dizeli mara nyingi ni injekta au turbo.

Fungua kifuniko cha oili. Ukikuta kitu kama maziwa mgando, oili na maji vimekutana, na gasketi ya hedi imekwenda. Ukikuta lami nyeusi, sevisi ilikuwa hadithi. Fungua rejeta gari likiwa limepoa: maji yawe safi na ya rangi, si ya kutu, wala yasiwe na mafuta juu. Mafuta ya giaboksi otomatiki, kwa gari lenye kijiti cha kupimia, yawe mekundu au kahawia safi. Yakiwa meusi na yananuka kuungua, kimbia.

Nne, umeme. Washa swichi bila kupiga stata. Taa zote za hatari kwenye deshibodi lazima ziwake, kisha zizime injini ikishawaka. Taa ya injini au ya airbagi isipowaka kabisa mwanzoni, mtu ameing'oa balbu. Mafundi wa Buyenzi, na baadhi ya Rumonge, wana kifaa cha kusoma kompyuta ya gari. Mlipe aje nacho. Kifaa hicho hueleza pia kama makosa yamefutwa jana ili yasionekane leo.

Kuhusu airbagi kuna jambo ambalo wengi hawalijui. Airbagi za kampuni ya Takata, zilizofungwa kwenye mamilioni ya magari ya Toyota, Honda, Nissan, BMW, Mercedes na mengine, ziliitwa kurudishwa viwandani duniani kote kwa sababu baruti yake huharibika kwa joto na unyevu, na ikilipuka hutupa vipande vya chuma usoni mwa dereva. Takata yenyewe ilifilisika mwaka 2017. Gari lililoletwa huku kabla ya kubadilishiwa bado linayo, na joto na unyevu ndiyo hali ya hewa yetu. Namba ya chesisi ikiingizwa kwenye tovuti ya kiwanda hukujibu bila malipo. Mwombe kijana mwenye simu akusaidie.

Tano, mlima. Kila mtu hujaribu gari kwenye tambarare ya ufuko, ambako hata mkweche hupendeza. Mimi nasema lipeleke kwenye barabara inayopanda kuelekea Bururi. Ziwa liko mita 770 hivi kutoka usawa wa bahari, na mpaka kufika Bururi unakuwa umepanda zaidi ya mita 1,000. Hakuna mashine ya ukaguzi inayoshinda mlima huo. Washa kiyoyozi, panda na abiria wanne, tazama mshale wa joto. Usikie kama giaboksi inateleza au inagonga inapobadilisha gia. Wakati wa kushuka, jaribu breki: zisivute upande, usukani usitetemeke. Mkirudi, liache gari linguruke dakika kumi, kisha tazama chini kama linadondosha kitu.

Kama lina shokapu za hewa, liegeshe jioni, lipime kwa macho, na asubuhi urudi. Likiwa limelala upande mmoja kama mbuzi mgonjwa, mifuko ya hewa imetoboka. Kama ni la haibridi, mathalani Harrier Hybrid iliyoanza mwaka 2005, betri yake kubwa ipimwe kwa kifaa, si kwa maneno. Joto huzeesha betri hizo mapema.

Utasema ukaguzi wote huu ni gharama. Ni kweli: fundi wa siku moja, kifaa, mafuta ya kupanda Bururi, pengine nauli ya kumleta fundi kutoka Bujumbura, safari ya kilomita kama 75. Vijumlishe, kisha vipime na bei ya giaboksi moja. Rahisi ni ghali, walisema wahenga, na hawakuwa wameona BMW.

Kuna kosa jingine la msingi, nalo ni kumtumia fundi wa muuzaji. Fundi aliyeletwa na dalali analipwa na dalali. Tafuta wako, mlipe wewe, na mlipe kiasi kile kile hata akikwambia usinunue. Ukimwahidi bakshishi gari likinunuliwa, umeshamnunua aseme ndiyo.

Tuingie upande wa forodha, maana hapa warejeaji wengi hukwama. Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 inampa mtu anayehamishia makazi yake nafasi ya kuingiza gari moja bila ushuru, kwa masharti. Mojawapo ni kwamba gari hilo awe amelimiliki na kulitumia yeye mwenyewe kwa miezi 12 angalau, nje ya nchi za Jumuiya, bila kuhesabu muda wa safari ya meli. Kwa hiyo anayerudi kutoka Brussels na gari alilonunua wiki tatu kabla ya safari hajatimiza sharti hilo. Na aliyetoka Kigoma asidhani kipengele hicho kinamhusu, kwani Tanzania imo ndani ya Jumuiya. Nenda kwenye ofisi ya OBR ukaulize kabla ya kununua, ukiwa na namba ya chesisi na mwaka wa gari mkononi. Ushuru wa magari ya abiria ni asilimia 25 ya thamani, na juu yake zinakuja kodi nyingine. Nimeona gari lililouzwa "bei ya kutupa" likikaa mpakani mpaka likaota nyasi, kwa sababu mnunuzi alipiga hesabu ya gari akasahau ya forodha.

Kwa wafanyabiashara wanaovuka kila wiki, kumbukeni mambo mawili. Kwanza, Burundi tunapita kulia na Tanzania wanapita kushoto. Magari mengi yetu yana usukani kulia, hivyo ukiwa RN3 nyuma ya lori la mawese huoni mbele mpaka utoe gari zima. Anayefanya safari nyingi zaidi upande wa Burundi atafute usukani wa kushoto akiweza. Pili, ile Kadi ya Njano ya COMESA ya bima inatambuliwa pande zote mbili. Usivuke bila hiyo. Gari la kifahari likimgonga mtu ng'ambo, watu huangalia gari ndipo wakataje fidia.

Malipo nayo yana adabu yake. Usitoe arubuni kabla ya ukaguzi. Mkataba uandikwe, uwe na namba ya chesisi, namba ya injini, kilomita zinazosomeka siku hiyo na majina ya mashahidi wawili, usainiwe mbele ya kiongozi au mthibitishaji. Fedha ya mwisho itolewe hati ikibadilishwa jina, si kabla. Neno "nitakuletea karatasi wiki ijayo" limewaliza wengi.

Naomba pia niwaombe wenye mamlaka jambo moja. Rumonge ni bandari, ni soko la mpakani na ni mji wa warejeaji. Inastahili kituo kimoja cha ukaguzi huru, chenye shimo, kifaa cha kompyuta na mashine ya kupima breki, ambapo mnunuzi analipa ada ndogo na kupewa karatasi yenye muhuri. Vijana waliosomea ufundi kambini wapo, wengine wanauza maji barabarani. Kituo kama hicho kingewapa kazi, na kingeokoa mitaji mingi kuliko semina za ujasiriamali zinazoisha kwa soda.

Mpaka siku hiyo ifike, kila mtu ajilinde. Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Gari linalokimbizwa kwako na dalali watatu, kwa bei inayoshuka kila jioni, limekwishakujulisha habari zake. Gari zuri lina mwenyewe anayekaa kimya, anayekuruhusu uje na fundi wako alfajiri, na anayekukabidhi ufunguo akisema, "Haya, panda nalo Bururi."